Hati Unayo, Ardhi Iko Wapi?

Mombasa watu wakigombania ardhi, kitu cha kwanza kutolewa ni hati. Inatoka kabatini ndani ya bahasha ya kaki, imetiwa plastiki isiharibiwe na unyevu wa bahari, inatandazwa mezani, na mwenye nayo anaegemea kiti kama mtu aliyekwisha kushinda kesi. Kisha upande wa pili nao unatoa yao. Nayo ina muhuri, nayo ina namba. Hapo ndipo kikao kinapokwama, chai inaletwa tena, na wazee wanaanza kukumbushana mwembe ulikuwa wapi.

Nimekaa kwenye vikao vya namna hiyo zaidi ya ninavyopenda, kwa sababu kwetu ndugu ni wengi na viwanja ni vidogo. Jambo ninaloliona kila mara ni kwamba watu wanagombania maswali mawili kwa mpigo bila kujua. Swali moja ni la nani: mali hii ni ya nani, aliipata vipi, kwa nani. La pili ni la wapi: hiyo mali yenyewe inaanzia wapi na kuishia wapi. Hati inajibu la kwanza, tena kwa masharti. La pili hujibiwa na ramani na bikoni, yaani zile alama za mpaka zinazowekwa ardhini kwenye kona, na mtu anayeweza kuzisoma mbili hizo pamoja ni mpima ardhi mwenye leseni. Lakini watu humwita mpimaji wakitarajia awajibu la kwanza, na humwita wakili wakitarajia awajibu la pili. Fedha nyingi za Wapwani zimepotelea katika mkanganyiko huo.

Tuanze na karatasi yenyewe, maana wengi wanaimiliki na hawajawahi kuisoma kupita jina lao. Hati ya upande wa Kisauni, kwa mfano, itakwambia kwamba kiwanja chako ni kipande kilichokatwa kutoka namba fulani ya asili, katika Sehemu ya Pili ya Bara Kaskazini. Ndiyo hiyo MN/II ambayo madalali huitamka kwa haraka kama wanavyotaja nauli ya matatu. Nyali iko Sehemu ya Kwanza, Changamwe na Miritini Sehemu ya Sita, na ukivuka Likoni unaingia MS, Bara Kusini. Herufi CR zinazotangulia namba ya usajili zinaonyesha masjala ya Pwani. Nyuma ya hati nyingi za zamani imeambatishwa ramani ndogo yenye mistari, vipimo vya kila upande na namba ya plani, yaani ramani rasmi ya upimaji, iliyohifadhiwa kwa Mkurugenzi wa Upimaji, Nairobi. Ile namba ya asili na ile namba ya plani ndizo zenye uzito kuliko vyote vilivyo kwenye karatasi hiyo, nazo ndizo zinazorukwa.

Ami yangu alinunua kiwanja Kisauni, futi 50 kwa 100, kwenye safu ya viwanja vilivyokatwa kutoka shamba la familia moja ya zamani. Alijenga polepole kama tunavyojenga sote, chumba kwa chumba. Siku moja akachukua utepe wa fundi, akapima hadi ukuta wa jirani wa magharibi, mwalimu mstaafu, akaona haukusimama mahali pake. Ukuta wa Mwalimu, kwa hesabu za Ami, ulikuwa umeingia kwake kama futi sita. Futi sita kwa upande wa futi mia ni eneo la kutosha nyumba ndogo ya kupangisha, na Ami alikuwa tayari ameshampata mpangaji kichwani.

Maneno yalianza kwa adabu. “Mwalimu, hebu tutazame huu ukuta.” Mwalimu akajibu kwamba alijenga pale alipoonyeshwa na muuzaji, na shahidi ni mzee wa mtaa. Baada ya miezi michache adabu ikapungua. “Yakhe, ukuta huo utauvunja mwenyewe, au nitakuvunjia.” Wakaenda kwa chifu. Chifu akawasikiliza, akawaambia jambo la busara kuliko yote niliyoyasikia mwaka ule: leteni mpimaji, mmoja tu, mlipe nusu kwa nusu.

Mpimaji alipokuja hakwenda kwenye ukuta. Hilo lilimkera Ami vibaya. Alikuwa kijana mwenye kofia ya kitambaa, na msaidizi wake aliyebeba fimbo yenye kioo kwenye ncha, na walipita mbele ya nyumba yetu moja kwa moja hadi mwisho wa shamba la asili, mbali na ugomvi, wakaanza kutafuta kitu chini ya mkanju. “Huyu anapotea,” Ami akasema. Hakuwa anapotea. Alikuwa anatafuta bikoni za zamani, zile zilizowekwa shamba lilipopimwa kwanza, kabla ya kukatwa vipande. Alitaka tatu ambazo hazijaguswa na mtu. Bila hizo, alituambia, mashine yake ingempa namba nzuri sana zisizo na maana yoyote, kwa sababu hangejua aanzie wapi.

Mbili zilipatikana bila taabu. Ya tatu kwenye ramani iliandikwa IPCU, yaani nondo ndani ya zege, iliyofukiwa chini ya ardhi. Kwa mahesabu, ilikuwa mahali ambapo sasa watu wa mtaa humwaga majivu na makoko ya nazi. Msaidizi alichimba. Kwanza majivu, kisha udongo mwekundu, kisha vipande vya jiwe la matumbawe ambavyo jembe lilivigonga mara kadhaa na kila mara watoto wakapiga kelele kwamba imepatikana. Akaweka jembe chini, akachimba kwa mwiko wa mwashi, halafu kwa vidole. Katika kina cha goti hivi ikatokea sahani ya zege yenye ukubwa wa sufuria ndogo, na katikati yake kichwa cha nondo, kimekula kutu lakini kimesimama wima. Mpimaji akaisafisha kwa brashi, akasimamisha mashine juu yake kwenye miguu mitatu, akapima umbali hadi zile mbili nyingine. Karatasi na ardhi zikakubaliana, tofauti ikiwa sentimita chache. Basi akasema sasa tunaweza kuzungumza.

Alipofika kwenye safu yetu, jibu lake halikumfurahisha mtu yeyote. Ukuta wa Mwalimu kweli ulikuwa ndani ya kiwanja cha Ami, karibu futi zile zile sita. Lakini ukuta wa Ami wa upande wa pili nao ulikuwa futi sita ndani ya kiwanja cha jirani wa mashariki. Na yule naye vivyo hivyo kwa anayefuata. Safu nzima ilikuwa imesogea. Mtu wa kwanza kujenga, pale pembeni, hakuitafuta bikoni. Aliona ua wa zamani wa miti akauchukua kuwa ndio mwanzo. Wa pili akapima kutoka ukuta wa wa kwanza, wa tatu kutoka ukuta wa wa pili, na hivyo hivyo mpaka mwisho, kila mmoja akiwa na futi zake 50 kamili na kila mmoja akiwa si mahali pake. Kule mwanzo wa safu kulibaki kipande chembamba kisicho na mwenyewe, ambacho ndugu wa muuzaji walikuwa wamekipangisha kwa mama mmoja anayeuza viazi vya karai. Kule mwisho wa safu, jiko la mjane mmoja lilikuwa limesimama katikati ya hifadhi ya barabara.

Nimeieleza kwa urefu kwa sababu hadithi hii, kwa sura mbalimbali, ndiyo hadithi ya mitaa mingi ya bara kaskazini na bara kusini. Ugomvi unaonekana wa watu wawili kumbe ni wa safu nzima. Kama Ami na Mwalimu wangekimbilia mahakamani bila kipimo, mmoja angeshinda, ukuta ungevunjwa, na mwezi uliofuata jirani wa mashariki angekuwa na haki ile ile ya kuvunja chumba cha Ami.

Tena mahakamani wenyewe wangerudishwa mlangoni. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 18, inasema wazi kwamba mahakama haitasikiliza shauri la mpaka wa ardhi iliyosajiliwa mpaka kwanza mipaka hiyo iwe imeamuliwa kwa njia iliyowekwa na kifungu hicho, na njia hiyo hupitia kwa msajili wa ardhi. Unaandika barua ya malalamiko, msajili anawapa notisi wahusika wote na majirani wanaoguswa, anafika mahali penyewe na mpimaji wa serikali, watu wanasikilizwa, ripoti inaandikwa. Watu wamekaa na kesi miaka, wamelipa mawakili, kisha upande wa pili unasimama na kusema hoja moja tu: hawa hawajapita kwa msajili. Kesi inatupwa nje. Ni kifungu kifupi, na sijui kwa nini hakibandikwi kwenye kila ofisi ya chifu.

Kifungu hicho hicho kina jambo jingine linalowashangaza watu. Isipokuwa mpaka umewekwa rasmi kuwa wa kudumu, ramani ya masjala huonyesha mipaka kwa kukadiria tu. Kwa hiyo kuna ardhi za aina mbili. Kuna zile zilizopimwa kwa bikoni na vipimo kamili, kama sehemu kubwa ya mashamba ya zamani ya Mombasa yaliyopewa hati za wakati wa ukoloni. Na kuna zile ambazo mpaka wake ni ua, mtaro au mstari wa miti, na ramani ni mchoro wa kukuelekeza. Hizo utazikuta zaidi ukitoka mjini, kwenye skimu za makazi na mashamba ya vijijini. Mtu wa aina ya pili akimleta mpimaji amtafutie sentimita, anaomba kitu ambacho ramani yake haikuwahi kuahidi. Hapo ua wa zamani na kumbukumbu za wazee vina uzito kuliko mashine.

Na tukiwa hapo, neno moja kwa wale wanaotembea na simu mkononi wakiangalia nukta ya buluu. Simu hukosea kwa mita kadhaa. Kiwanja cha futi 50 upana wake ni mita 15 na kidogo. Jaza mwenyewe.

Sasa lile swali la nani. Hapa ndipo ninapotofautiana na rafiki zangu wapimaji, ambao wanapenda kusema kwamba kama Mwambao wote ungepimwa vizuri ugomvi ungekwisha. Mwambao ulipimwa, na ugomvi mwingi ulianzia hapo hapo.

Mwaka 1908 serikali ya kikoloni ilileta Sheria ya Hati za Ardhi kwa ajili ya ukanda wa Pwani, ule wa maili kumi uliokuwa wa Sultani wa Zanzibar na ambao Waingereza walikuwa wakiusimamia kwa mkataba wa 1895. Sheria ilimtaka kila anayedai ardhi apeleke dai lake kwa afisa aliyewekwa, alete ushahidi, apimiwe, apewe cheti. Ardhi ambayo hakuna aliyeidai ikahesabiwa kuwa ya serikali ya Mfalme. Kwa wenye mashamba waliojua kusoma, waliokuwa na nyaraka za Kiarabu na jamaa mjini, hilo lilikuwa jambo la kwenda ofisini. Kwa Mmijikenda aliyekuwa akilima Kisauni au Likoni kwa haki ya ukoo wake, ambaye mpaka wake ulikuwa mbuyu na njia ya maji, taarifa yenyewe pengine haikumfika. Mpimaji akaja, akapiga mistari, akaondoka. Mistari ilikuwa sahihi. Mtu akaamka akiwa skwota juu ya kaburi la babu yake.

Kwa hiyo mtu akiniambia “tupime tu, ukweli utajulikana,” huwa namuuliza: tupime kwa karatasi ya nani? Kipimo hufuata dai. Dai likiwa limekosewa tangu mwanzo, bikoni hulipigilia msumari.

Kuna mahali mambo yalifanywa kinyume. Likoni, kwenye shamba la Waitiki lenye ekari 930, watu walikuwa wamekaa tangu machafuko ya 1997, mwenye hati akiwa na hukumu mkononi na hawezi kuingia. Mwishowe serikali ikakubali kumlipa, na Januari 2016 Rais Uhuru Kenyatta akaanza kukabidhi hati kwa waliokuwa wakiishi pale. Huko hapakuwa na bikoni ya zamani ya kumfukuza mtu. Wakazi walikatiwa ardhi wakiwa tayari wako juu yake. Mambo ya malipo na majina kwenye orodha yalileta manung'uniko yake, lakini kama kazi ya upimaji, ile ilikuwa siasa iliyoamuliwa kwanza na mistari ikapigwa baadaye. Nadhani huo ndio mpangilio unaofaa.

Ipo pia njia ya sheria ya ukaaji wa muda mrefu. Mtu akikaa kwenye ardhi ya mtu binafsi miaka 12, waziwazi, bila ruhusa na bila kufukuzwa, anaweza kuiomba mahakama imtangaze mmiliki. Ardhi ya umma haipatikani kwa njia hiyo. Madai kama haya yanaanguka mara nyingi kwa sababu ambayo mpimaji angeizuia mapema: mdai anathibitisha kwamba amekaa, mashahidi wanakuja, picha zinaletwa, lakini hawezi kuonyesha hasa ni kipande kipi. Ni ekari moja au moja na nusu? Inaanzia kisimani au kwenye mwarobaini? Hakimu hawezi kumpa mtu “pale anapokaa.” Anataka mchoro.

Halafu kuna jambo letu wenyewe, ambalo ukimweleza mtu wa bara anakutazama kama unamtania: nyumba bila ardhi. Majengo, na mitaa mingine mingi ya kisiwani na nje yake, nyumba ni ya mtu mmoja na ardhi iliyo chini yake ni ya mtu mwingine. Mwenye nyumba analipa kodi ya ardhi kwa mwenye shamba, vizazi na vizazi, na nyumba inauzwa, inarithiwa, inapangishwa vyumba kwa vyumba. Mirathi inapelekwa kwa kadhi na nyumba inagawanywa mafungu, ardhi haiguswi kwa sababu si ya marehemu. Pengine ardhi ni ya wakfu, na wenye nyumba wanajua tu jina la anayekuja kukusanya.

Mpimaji afanye nini hapo? Shamba lote lina hati moja na bikoni zake ziko pembeni, mbali. Ndani yake kuna mamia ya nyumba zisizo na namba ya ramani. Mpaka kati ya nyumba na nyumba ni kichochoro, mfereji wa maji machafu, baraza. Nimeona ndugu wawili wakigombania upana wa kichochoro kwa ukali kuliko watu wanavyogombania ekari. Hakuna plani yoyote Nairobi inayoonyesha kichochoro kile. Wanaoweza kusema ni majirani wenye umri mkubwa, na fundi aliyejenga kama bado yu hai. Na mwenye shamba akiamua kuuza, mnunuzi mpya anapima shamba lake kwa usahihi wa ajabu, anakuta bikoni zote nne, na mamia ya familia zimo katikati. Kipimo kizuri namna gani hakitawasaidia, labda serikali ya kaunti na mwenye shamba wakubaliane kuwauzia walipo, na hapo ndipo mpimaji anapokuwa na kazi ya maana.

Nyali nako kumetupa somo la aina nyingine. Katika kesi ya Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa, Mahakama ya Juu ilitoa hukumu mwezi wa Aprili 2023 kuhusu kiwanja cha ufuoni kilichokuwa na namba, kimesajiliwa, kimepita mikononi mwa zaidi ya mmiliki mmoja. Chanzo chake kilikuwa ugawaji wa 1989 kwa Rais wa wakati huo, Daniel arap Moi. Kaunti ilivunja ukuta mwaka 2017 ikisema pale ni njia ya umma ya kwenda baharini. Mahakama ikakubaliana na kaunti: ardhi ile ilikuwa ya umma, haikugawiwa kwa utaratibu unaotakiwa, na mnunuzi wa baadaye hawezi kujificha nyuma ya hati wakati mzizi wake umeoza. Angalia vizuri kilichotokea hapo. Hakuna aliyebisha kwamba kiwanja kilikuwa pale kilipopimwa. Swali la wapi lilikuwa na jibu safi. La nani ndilo lililoiangusha hati.

Lakini upimaji ulikuwa na sehemu yake katika kesi kama hizo, kwa sababu plani za zamani ndizo zinazoonyesha palikuwa na nini kabla. Njia ya kwenda pwani iliyochorwa kwenye mpango wa mtaa haifutiki kwa kukatwa kiwanja juu yake. Kanuni za upimaji zenyewe zinasema kwamba ardhi ya serikali inayopakana na bahari ikipimwa ili igawiwe, ukanda usiopungua mita 60 juu ya alama ya maji kujaa kwa kawaida uachwe kwa matumizi ya serikali. Tembea ufuoni kutoka Nyali hadi Bamburi maji yakiwa yamejaa, uniambie mita hizo ziko wapi.

Tukirudi kwa watu wa kawaida, ugomvi mbaya kuliko wa ukuta ni wa hati mbili juu ya ardhi moja. Huu ndio ambao mpimaji mzuri anaweza kuufumbua akiwa ameketi mezani. Kila kiwanja kilichokatwa kina tarehe plani yake ilipopitishwa na kina namba ya asili iliyozaa. Ukizipanga hizo kwa mfuatano, mara nyingi utakuta shamba moja lilikatwa mara mbili: mara ya kwanza na baba, viwanja vikauzwa na hati kutolewa, mara ya pili na watoto au na mjanja mwenye nakala ya hati ya zamani, kana kwamba ardhi bado iko nzima. Au utakuta hati mbili zinataja namba tofauti kabisa, na ukizichora kwenye karatasi moja zinalaliana kwa robo tatu. Mahakama ya Mazingira na Ardhi huagiza upimaji wa pamoja, pande zote na wapimaji wao wakiwepo, na ripoti moja iletwe. Mahakama hutaka kujua pia kama aliyepima ana leseni, kama aliwapa majirani notisi, kama alianzia kwenye bikoni za asili au alianzia kwenye kona ya ukuta wa mteja wake. Ripoti nyingi za mtu wa upande mmoja huanguka kwenye hilo la mwisho. Na bikoni ya asili ambayo haijaguswa, ikikosana na namba zilizoandikwa, kwa kawaida bikoni ndiyo inayosikilizwa. Ndiyo maana kuing'oa ni kosa la jinai, na ndiyo maana hung'olewa usiku.

Safu ya Ami bado haijamalizika. Mwalimu na Ami walikubali kuacha kuta zilipo, kwa sababu ndiyo njia ya pekee ambayo wote wawili hawapotezi chumba. Wa mashariki naye akakubali. Wanne wa katikati wamesaini karatasi kwa wakili kwamba wako radhi mipaka irekebishwe ifuate kuta, kazi ambayo itahitaji plani mpya, idhini zake na ada zake. Ndugu wa muuzaji hawataki kusikia habari ya kile kipande cha viazi vya karai, na wana sababu, kinawaingizia fedha kila mwezi. Anayebaki na mzigo ni mjane wa mwisho. Kuta zikibaki zilipo, jiko lake linabaki barabarani, na barabara ni ya umma, hakuna makubaliano ya majirani yatakayoibadilisha. Pendekezo la mpimaji ni kwamba safu nzima imchangie avunje jiko na kulijenga ndani. Ami anasema ni haki. Wawili wanasema hawakumtuma ajenge pale.

Rafiki yangu wakili ana msimamo kwamba mnunuzi aanze kwa kutafuta rekodi za hati kwenye masjala, kisha mengine yafuate. Mimi nasema vyote viwili wiki moja, na kabla ya shilingi ya kwanza kutoka. Namba ya asili ichunguzwe, nakala ya plani iletwe, mpimaji achimbe bikoni zote za kiwanja mbele ya muuzaji na majirani, akuandikie cheti kwamba ziko. Wakili anasema nawaongezea watu gharama. Muuzaji mmoja wa Mtopanga aliniambia vivyo hivyo, tena akanipunguzia bei kubwa ili nisimlete mpimaji. Niliaga nikapanda matatu.